Binti Aulizwe Kabla ya Ng'ombe Kuingia Zizini

Katika milima ya Kisii, siku za baba zetu, mpita njia aliyeona ng'ombe wageni wakiswagwa kuelekea mji wa mtu mwenye binti hakuwa na haja ya kuuliza habari. Alijua ya kuwa nyumba ile inaoza. Hata binti mwenyewe, pengine akiwa shambani akipalilia wimbi, aliweza kuipata habari kwa njia hiyo hiyo: aliinua kichwa, akawaona ng'ombe, akajua ya kuwa siku zake za kukaa kwao zimekwisha.

Kama moyo wake ulikuwa umeelekea kwa yule yule aliyewaleta ng'ombe, ilikuwa furaha kwa wote. Lakini kama alikuwapo kijana mwingine, ambaye walijuana sokoni au ngomani au kanisani, na kijana huyo hana hata mtamba mmoja, basi hapo ndipo taabu ilipoanza.

Wasomaji wapenzi, ndiyo habari tunayotaka kuizungumza leo: mwanamke aliyesimama kati ya mume aliyechaguliwa na wazee na mwanamume aliyechaguliwa na moyo wake. Jambo hili halina kabila wala nchi. Lakini tumeona vema kulitazama mahali pamoja, yaani Kisii, hasa tangu miaka ya 1940 hata miaka ya 1960, kwa sababu huko mashauri ya wasichana yalijaa mabarazani, na maandishi yake yamebaki. Philip Mayer, mtaalamu wa mambo ya jamii aliyekuwa mtumishi wa Serikali ya Kenya, aliandika juu ya mahari ya Wagusii karibu na mwaka 1950. Robert LeVine, Mmarekani, alikaa huko kati ya 1955 na 1957 akachungua maisha ya watu. Na mwaka 2006 mwanahistoria Brett Shadle alitoa kitabu kizima juu ya mashauri hayo, baada ya kusoma majalada ya mahakama. Kwa hiyo tusemayo si masimulizi ya jikoni tu.

UNDUGU WA NG'OMBE

Kwanza yatupasa kufahamu kazi ya ng'ombe, kwani asiyefahamu hayo atawaona wazee wale kuwa wachoyo tu, na hilo si kweli.

Kwa Mgusii, ndoa haikuwa maneno ya watu wawili. Ilianza kwa mshenga, aitwaye esigani, aliyekwenda huku na huku kuchungua ukoo, tabia na afya za pande zote mbili. Kisha ng'ombe walitajwa, wakatazamwa, wakapelekwa. Ng'ombe ndio waliofunga ndoa. Wakiisha kupokelewa, mwanamke amekuwa mke wa watu, na watoto wote atakaowazaa ni wa nyumba iliyotoa ng'ombe. Baadaye, mila ilipokamilika kwa sherehe kubwa iitwayo enyangi, mke alivikwa miguuni pete ziitwazo ebitinge, nazo zilikuwa kama cheti chake mbele ya watu wote.

Sasa, ng'ombe hao hawakukaa sana katika zizi la baba wa binti. Desturi ilitaka ng'ombe wa dada wamwoze kaka yake wa tumbo moja. Kila mvulana alimtazama dada yake akijua ya kuwa kwa yeye atapata mke. Na kila msichana alijua ya kuwa mke wa kaka yake ameletwa na ng'ombe wake. Kwa hiyo wifi alikuwa na deni la heshima kwa dada wa mumewe, maisha yao yote.

Karani atalifahamu jambo hili upesi akilifikiri kwa njia ya daftari ya hesabu. Ng'ombe walioandikwa upande wa mapato kwa ajili ya binti, juma lililofuata wameandikwa upande wa matumizi kwa ajili ya mwana. Daftari imesawazika. Lakini binti akikataa kukaa kwa mumewe, mume atadai ng'ombe wake. Baba hanao tena. Hapana budi awadai kwa wakwe wa mwanawe, na hao nao pengine wamekwisha kuwatoa kwa ajili ya mwana wao. Basi neno moja la msichana mmoja, yaani "sitaki," laweza kutikisa ndoa tatu au nne mfululizo, za watu ambao hata hakuwahi kuwaona.

Hii ndiyo sababu wazee waliogopa mapenzi. Hawakuyaogopa kwa kuwa hawakuwahi kupenda. Waliyaogopa kama mjenzi aogopavyo mtu anayetaka kung'oa jiwe la chini katika ukuta.

NG'OMBE WALIPOPANDA

Zamani kijana wa kawaida aliweza kuoa kwa ng'ombe wa dada yake, na ndoa za kupangwa na za kupendana hazikuachana mbali sana. Lakini nyakati zilibadilika. Kisii ilikuwa miongoni mwa mahali pa kwanza ambapo Waafrika wa Kenya waliruhusiwa kulima kahawa, katika miaka ya 1930. Wengine walijenga vinu vya maji vya kusagia mahindi. Vita vya pili vya dunia vilipokuja, mahindi yalitakiwa kwa wingi, na watu wenye akili ya biashara walipata fedha. Na mtu aliyepata fedha alizigeuza ng'ombe, na ng'ombe akawageuza wake.

Hapo mahari ikapanda. Baba aliyezoea kutaja ng'ombe wachache akaona jirani yake ametajiwa wengi zaidi, naye akataja zaidi yake. Baraza la wenyeji lilijaribu mara kadha wa kadha kuweka kikomo cha mahari, hata Mayer akaandika habari za majaribio hayo. Lakini kikomo cha namna hiyo ni kama boma la mabua. Mwenye kutaka mke wa pili au wa tatu alikuwa tayari kutoa kwa siri kuliko kiasi kilichoandikwa, na mwenye binti alikuwa tayari kupokea.

Aliyeumia ni kijana. Wengi walikwenda Kericho kufanya kazi katika mashamba ya chai, wakaweka akiba shilingi kwa shilingi, na kila waliporudi nyumbani walikuta bei imekwenda mbele yao. Ndivyo ilivyotokea kwamba wasichana wengi wa wakati ule walijikuta kati ya wanaume wa namna mbili: mwenye ng'ombe ambaye hawakumpenda, na mpenzi ambaye hana ng'ombe.

MFANO WA BINTI MMOJA

Tufanye mfano, ili mambo haya yasibaki hewani. Binti tutakayemsema hana jina, kwa maana hakuzaliwa na mtu mmoja. Ameumbwa na mambo yaliyowapata wengi.

Binti huyu ana miaka 18. Amesoma kidogo katika shule ya misheni, aweza kuandika barua. Kijana ampendaye ni mchuma chai Kericho, huja nyumbani mara moja kwa miezi miwili, naye amenunua mtamba mmoja na mbuzi wanne. Wamekubaliana kungoja. Siku moja mtu mwenye kinu cha maji, mwenye wake wawili na watoto wa rika lake yeye binti, amleta mshenga. Mtu huyo si mbaya. Hanywi kupita kiasi, hapigi wake zake, hulipa madeni yake. Ametoa ng'ombe wote kwa siku moja.

Na huyu binti ana kaka. Kaka huyo ndiye aliyemfundisha kusoma herufi, akiziandika kwa kijiti mchangani wakichunga mbuzi. Ana miaka 25, rafiki zake wote wameoa, naye amechumbia msichana ambaye baba yake amechoka kungoja. Ng'ombe wa mwenye kinu wamelala zizini usiku mmoja tu. Alfajiri wamepelekwa kwa wakwe wa kaka, na kaka amerudi akiimba.

Sasa binti aulizwa, "Je, wakubali?"

Wasomaji, tazameni swali hilo vizuri. Kwa sikio ni swali, lakini kwa kweli ni hukumu. Akisema "sikubali," hamkatai mwenye kinu peke yake. Amnyang'anya kaka yake mke, amtia baba yake katika deni, na amharibia mwanamke mwingine nyumba ambayo ameingia jana. Mama yake amwambia kwa upole, "Mwanangu, nami niliolewa hivyo hivyo, na wewe ndiwe faida yangu." Baba yake amkumbusha kwamba asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Hakuna aliyempiga. Hakuna aliyemfunga kamba. Na barua ya Kericho imo kifuani pake, mwandikaji wake hajui neno lo lote.

Watu wengi husema habari za ndoa za kupangwa kana kwamba daima kuna baba mkali mwenye fimbo. Fimbo zilikuwapo, hatukatai. Lakini lililo zito kuliko fimbo ni hili, ya kwamba binti alipingana na watu aliowapenda. Kumchagua mpenzi kulikuwa kumwacha kaka. Alivutwa na mapenzi mawili, na yote mawili yalikuwa ya kweli.

MACHOZI YASIYOSADIKIWA

Iko taabu nyingine. Katika arusi ya zamani ya Kigusii, bibi arusi alitazamiwa kukataa. Vijana wa ukoo wa mume walipokuja kumchukua, alijificha, akashikilia nguzo za nyumba, akalia; nao wakamwondoa kwa nguvu huku watu wakitazama. Haya yalikuwa mambo ya adabu. Binti aliyeondoka upesi bila chozi angaliitwa mtu asiye na haya, anayependa wanaume kuliko mama yake.

Mila hiyo ilikuwa na uzuri wake, kwani ilionyesha kwamba kumpoteza binti ni hasara kwa nyumba. Lakini ilikuwa na hatari kubwa. Ikiwa kila bibi arusi hulia, ni nani atakayemjua yule aliaye kweli? Anayeshikilia nguzo kwa desturi na anayeishikilia kwa sababu moyo wake umevunjika huonekana sawasawa machoni pa watu. Kukataa kulifanywa kuwa mchezo wa arusi, na binti aliyekataa kwa kweli akakosa neno la kulisema. Ndiyo sababu wengine hawakusema neno. Walingoja giza, wakatoroka.

MBELE YA WAZEE

Kutoroka kulileta shauri. Baba alimshtaki kijana kwa kumchukua binti bila idhini na bila mahari. Au mume aliyetoa ng'ombe alimshtaki kwa kumchukua mkewe. Kesi zilisikilizwa katika mabaraza ya wenyeji, ambayo Wagusii waliyaita ritongo, na ambayo tangu sheria ya mwaka 1951 yaliitwa African Courts, hata sheria ya mahakama ya mwaka 1967 ilipoyaondoa. Vijana walitozwa faini, na wengine walifungwa.

Mtu asidhani ya kuwa wazee wote walikuwa na neno moja. Wako waliouliza kwanza habari za ng'ombe: wangapi, wa rangi gani, nani alishuhudia. Na wako waliomwuliza msichana mwenyewe anamtaka nani, wakaona ya kuwa kumrudisha kwa nguvu ni kupanda shauri jingine la mwaka ujao. Maofisa wa Serikali nao walivutwa huku na huku. Hawakupenda kuonekana wakikubali ndoa za kulazimishwa. Lakini pia waliogopa kwamba wazee wakinyimwa uwezo juu ya binti zao, nchi haitatawalika. Basi msichana alisimama barazani kama shahidi katika kesi ya baba yake na mpenzi wake, hali yeye ndiye mwenye shauri.

Wako wengine, katika sehemu mbalimbali za Kenya, waliokimbilia misheni. Huko walipata kimbilio, na mara nyingine walipata masomo. Lakini wengi wao walilipa kwa kutengwa na jamaa zao.

JE, MILA HAIULIZI?

Baadhi ya watu husema ya kuwa kumwuliza binti ni desturi ya kigeni, iliyokuja na vitabu na meli. Neno hilo si la kweli, na yafaa likanushwe.

Jomo Kenyatta, katika kitabu chake juu ya Wakikuyu kilichotolewa mwaka 1938, alieleza jinsi posa ilivyofanywa kwa pombe. Wazee walipokusanyika, binti aliitwa, akaulizwa mbele ya wote kama pombe ile inywewe. Akikubali, alionja na kuwapa. Na bila kukubali kwake mambo hayakuendelea. Pombe ambayo bado iko pembeni yaweza kurudishwa ilikotoka. Katika mila hii swali lilikuja mahali pake, kabla ya kunywa.

Kwa Waislamu, mahari ni mali ya mwanamke mwenyewe, wala si ya baba. Na imepokewa katika Hadithi ya kwamba mwanamke aitwaye Khansa binti Khidam, aliyekuwa amekwisha kuolewa mbele, aliozwa na baba yake pasipo ridhaa yake, akaenda kwa Mtume, na Mtume akaivunja ndoa ile. Wanachuoni wa madhehebu ya Shafii, yanayofuatwa na wengi katika pwani yetu, walimpa baba uwezo wa kumwoza bintiye bikira kwa masharti. Lakini hata wao walisema ya kuwa ni vema amshauri. Na kwa Wakristo, ndoa haifungwi mpaka bibi arusi ajibu kwa kinywa chake mbele ya mashahidi.

Basi karibu pande zote lipo swali. Tofauti iko katika wakati wa kuliuliza. Padre au kadhi akimwuliza binti hali ng'ombe wamekwisha kuoza kaka, amemwuliza mtu ambaye jibu lake limekwisha kutolewa na wengine. Hata katika Kisii, mshenga alikuwapo ili mambo yachunguzwe kabla ya ng'ombe kutembea. Ubaya uliingia pale mali ilipokimbia mbele ya mshenga.

WALIOTOROKA WALIPATA NINI?

Sasa mtu atasema, basi binti na afuate moyo wake, atoroke, na mambo yamekwisha. Yafaa tutazame yaliyowapata wale waliofanya hivyo.

Miaka ilivyokwenda, kutoroka kulizidi. Thomas Håkansson, mtaalamu aliyechungua maisha ya Wagusii na kutoa kitabu mwaka 1988, aliona ya kuwa kufikia wakati huo ndoa nyingi zilianza kwa kukaa pamoja tu, bila mahari. Vijana hawakungoja tena. Kwa kutazama juu juu, mapenzi yalikuwa yameshinda.

Lakini ardhi ilikuwa imepungua, na katika Kisii mwanamke alipata shamba la kulima kwa kuwa mke wa mtu. Aliyekaa na mwanamume bila ng'ombe kutolewa hakuhesabiwa kuwa mke halisi. Mapenzi yakidumu, alilima. Mapenzi yakipoa, aliambiwa aondoke, na hakuwa na wazee wa kumtetea, kwani wazee wake hawakula kitu wala hawakushuhudia kitu. Akirudi kwa baba yake, aliwakuta kaka zake wamekwisha kugawana shamba. Yule aliyekimbia ndoa ya kulazimishwa akajikuta hana ndoa yo yote.

Kwa hiyo ng'ombe walikuwa mzigo na pia walikuwa ngao. Aliyewapokea ng'ombe bila kumwuliza binti alimwuza. Lakini kijana aliyemchukua binti bila kwenda kwa wazee wake, akasema ati mapenzi yatosha, alimwacha uchi katika baridi. Binti wa mfano wetu aliposhika barua ile kifuani, hakujua ni hatari ipi iliyo kubwa kati ya hizi mbili. Na kwa kweli hakuwa mjinga kwa kusitasita.

SHERIA YA SASA

Mambo ya sheria yamebadilika sana tangu siku zile, na ni vema kila mkulima na kila karani ayajue.

Tangu mwaka 1948 Umoja wa Mataifa ulitangaza katika Azimio la Haki za Binadamu ya kuwa ndoa ifungwe kwa ridhaa huru na kamili ya wenye kuoana. Katika Kenya, Katiba ya mwaka 2010, kifungu cha 45, yasema ya kuwa kila mtu mzima ana haki ya kuoana na mtu wa jinsia nyingine, kwa ridhaa huru ya wote wawili, na ya kuwa mume na mke wana haki sawa wakati wa kufunga ndoa, katika ndoa, na ndoa ikivunjika.

Sheria ya Ndoa ya mwaka 2014 imeendelea kufafanua. Ndoa ni muungano wa hiari. Hakuna aruhusiwaye kuoa au kuolewa kabla ya kutimiza miaka 18. Ndoa ambayo mmoja hakuikubali kwa hiari yake, bali kwa kulazimishwa au kudanganywa, ni batili. Na jambo hili halihusu kanisa na ofisi ya Serikali tu. Lahusu pia ndoa za Kiislamu, za Kihindu na za mila.

Yako maneno mengine mawili katika sheria hiyo ambayo wazee wengi hawajayasikia. La kwanza: mahali ambapo mila yataka mahari ili kuthibitisha ndoa, mahari kidogo ya kuwa ishara yatosha. Yaani kijana mwenye mtamba mmoja na mbuzi wanne aweza kufunga ndoa ya mila iliyo halali, bila kungoja mpaka nywele zake ziwe mvi. La pili: ndoa ya mila yapasa kuarifiwa kwa Msajili katika muda wa miezi 3 baada ya mila kukamilika, ili mwanamke awe na hati. Zamani cheti chake kilikuwa pete za miguuni. Sasa ni karatasi, na karatasi husomwa hata na mtu asiyemjua.

Hata hivyo sheria hukaa mbali, na baba hukaa karibu. Sheria haiwezi kuingia jikoni kumsikiliza mama akisema kwa upole, "Mwanangu, nami niliolewa hivyo hivyo." Hapo kazi ni yetu.

SHAURI LETU

Kwanza, twasema na baba. Bwana mzee, hatukuambii uache kumchagulia binti yako wala uache kupokea heshima yako. Macho yako yameona mengi, nawe waweza kumjua mlevi na mvivu hali binti bado apendezwa na sauti yake tu. Mwonyeshe unayemwona kuwa anafaa, mweleze sababu. Lakini mwulize hali zizi lako bado ni tupu. Na ukimwuliza, mtume mtu ambaye binti hamwogopi, shangazi au nyanya, amsikilize faraghani. Kwa maana mbele ya wazee kumi atanyamaza, na kunyamaza huko mtakuita kukubali.

Pili, twasema na kaka. Wewe ndiwe usiyetajwa, lakini mara nyingi ndiwe unayeamua. Kaka akisema, "Mimi nitatafuta ng'ombe wangu kwa jasho langu, dada yangu na aolewe apendako," amekata kamba iliyomfunga dada yake kwa miaka mingi. Siku hizi, mwenye mshahara au shamba la chai hana sababu ya kumgeuza dada yake kuwa akiba.

Tatu, twasema na kijana mpenzi. Kama wampenda kweli, usimchukue usiku. Nenda mchana na mshenga wako, peleka kidogo ulicho nacho, sema wazi kiasi utakachomaliza na wakati gani. Mkono mtupu haulambwi, ni kweli; lakini mkono wenye kidogo, ulionyoshwa kwa adabu, baba wengi wameupokea. Kisha nendeni kwa Msajili.

Mwisho, twasema na binti mwenyewe. Neno lako liseme mapema. Mweleze mama yako habari za kijana kabla ya mwenye kinu kuleta mshenga, wala si baada ya ng'ombe kulala. Mapenzi ni kikohozi, hayafichiki. Basi afadhali yajulikane kwa kinywa chako kuliko kwa midomo ya majirani. Na kama ng'ombe wamekwisha kuja bila wewe kuulizwa, deni hilo ni la aliyewapokea, si lako. Ni vigumu kusema hivyo mbele ya kaka umpendaye, twajua. Lakini ng'ombe waliotoka hurudishwa, au hulipwa polepole, mwaka huu mmoja na mwaka ujao mmoja. Miaka ya mtu hairudishwi.